Wangechi Mutu au Jim Chuchu: uanze na yupi?

Mpwa wangu anasoma sanaa chuoni. Juzi alinitumia ujumbe wa sauti wa dakika nne ambao ungetosha kuandikwa kwa mstari mmoja: "Shikamoo mjomba. Nimeambiwa nichague msanii mmoja wa siku hizi anayeshughulikia utambulisho na jinsi vyombo vya habari vinavyotuumba. Nimebaki na majina mawili. Nichukue lipi?"

Majina yenyewe ni Wangechi Mutu na Jim Chuchu. Wote wawili ni wazaliwa wa Nairobi, wote wawili hawatosheki na zana moja, na ukiwasoma kwenye vitabu vya maonyesho unaweza kudhani ni mapacha. Hawafanani hata kidogo. Nilimpigia, tukazungumza hadi salio likaisha. Haya ndiyo niliyomwambia, pamoja na yale ambayo salio lilinikatia.

Siwapimi kwa ukubwa wa jina. Mutu amekwisha kuonyeshwa kwenye makumbusho makubwa ya dunia, kwa hiyo kwa kipimo hicho ubishi ungekwisha kabla ya kuanza. Ninachouliza ni hiki: ukikaa na kazi za kila mmoja kwa wiki mbili, utaambulia nini kuhusu picha unazolishwa kila siku?

Mkasi

Mutu alizaliwa mwaka 1972. Alisoma Nairobi, akaenda kumalizia sekondari Wales, kisha New York katika chuo cha Cooper Union, na mwaka 2000 akapata shahada ya uzamili Yale. Alichosomea Yale ni uchongaji, jambo ambalo watu husahau kwa sababu kilichomtangaza ni karatasi, gundi na mkasi. Alikata majarida ya mitindo, ya safari na wanyamapori, ya pikipiki, ya picha za uchi. Majarida hayo yalikuwa yamegawana mwili wa mwanamke mweusi kama wachinjaji wanavyogawana ng'ombe: huyu achukue ngozi ing'aayo, yule midomo, yule shanga na vumbi la mbugani, na wa pikipiki abaki na chuma cha kumkalisha juu yake. Mutu akayakusanya mapande, akayarudisha kwenye mwili mmoja, lakini mahali pasipo pake. Jicho linakaa shavuni. Mguu unamalizikia kwenye kipande cha injini. Ngozi ni ya chui upande huu na ya mgonjwa upande wa pili. Chini yake mara nyingi ametandika plastiki laini ya Mylar, ambayo hainywi rangi. Rangi hutuama juu yake na kukauka kwa mabaka, kama maji ya mvua yaliyokaukia sakafuni.

Kazi ninayomwonyesha kila anayeniuliza ni mfululizo wa mwaka 2001 unaoitwa Pin-Up. Ukiwa mbali unaona wanawake katika mikao ya kalenda za gereji, zile ambazo mafundi hubandika juu ya meza ya spana na kuzigeuza mama zao wakija. Unasogea. Huyu hana mkono. Yule mguu umekomea gotini. Mutu aliwachora akiwa na vita vya Sierra Leone kichwani, vita vilivyolishwa na almasi na ambamo raia walikatwa viungo. Sasa angalia alichokufanyia katika zile hatua tatu za kusogea: jicho lako lilishakula kabla akili haijauliza bei. Hajakuhubiria neno. Umejikamata mwenyewe.

Halafu kuna kolaji 12, yaani picha za vipande vilivyokatwa na kubandikwa pamoja, alizotengeneza katikati ya muongo wa 2000 juu ya kurasa za vitabu vya zamani vya tiba, michoro ya karne ya 19 ya uvimbe na maradhi ya mji wa mimba. Kila ukurasa ameujengea uso: kiungo kilichochorwa kwa ajili ya madaktari kimekuwa paji la kichwa, midomo ya jarida la urembo imebandikwa chini yake, na uso unakutazama. Mwanafunzi anayedhani kwamba vyombo vya habari ni runinga na simu tu atashtuka hapa. Kitabu cha daktari nacho kilisambaza picha, tena kwa mamlaka kuliko gazeti lolote, na picha hiyo ilikuwa ya mwili wa mwanamke kama kitu cha kupasuliwa na kuelezwa na mtu mwingine.

Makmende

Chuchu alizaliwa 1982, na hiyo miaka kumi katikati yao ina uzito. Kizazi chake kililelewa na runinga na mikanda ya video, na kilipopata kazi kikakuta intaneti imeshafika.

Miaka ya 1990, mtoto wa Nairobi aliyejitia ubabe aliulizwa: "Unajiona Makmende?" Inasemekana jina hilo lilitoka kinywani mwa Clint Eastwood, katika filamu ya mwaka 1983 ambamo anamchokoza jambazi kwa maneno make my day. Maneno yakaingia kwenye masikio ya watoto waliobanana mbele ya skrini, yakatoka upande wa pili yakiwa jina la mtu. Mwaka 2010 kundi la muziki la Just a Band, ambalo Chuchu alikuwa mmoja wa vijana wake wanne, lilitoa video ya wimbo uitwao "Ha-He". Humo Makmende anatembea na afro yake kubwa na mapigo ya filamu za karate za miaka ya 1970, anawachapa wahuni mmoja baada ya mwingine. Msomaji wa Tanzania atamtambua mara moja: huyo ndiye stelingi, na stelingi hauawi.

Kilichofuata ndicho cha kuandikia insha. Katika siku chache Wakenya walikuwa wakimtungia vichekesho mtandaoni na kumtengenezea majalada bandia ya majarida. Wikipedia ilifuta ukurasa wake zaidi ya mara moja kabla ya kuuacha ukae. Mpaka leo watu huitaja video hiyo kuwa ya kwanza ya Kenya kuenea mtandaoni kwa namna ile.

Sasa waweke hao wawili bega kwa bega. Mutu alichukua jarida la kweli akalikata kwa sababu picha zake zilikuwa za uongo. Mashabiki wa Makmende walitunga jarida la uongo ili wamtie mtu ambaye majarida ya kweli yasingemtia. Mkasi uleule, ila umeshikwa kutoka upande mwingine. Mpwa wangu alipokataa kwamba ni mkasi uleule ("Mjomba, wale walikuwa wanacheza tu!") nilimwambia aandike hivyohivyo kwenye insha na aone kama mwalimu atakubali.

Jina moja, majina mengi

Kasoro ya kumchagua Chuchu kwa kazi ya shule ni kwamba ni nadra kumkuta peke yake. Baada ya Just a Band alikuwa miongoni mwa walioanzisha kikundi cha Nest Collective hapo Nairobi, na kazi nyingi tunazozihusisha na jina lake zina mikono ya watu wengi ndani yake. Mwalimu anayetaka "maisha na kazi za msanii" atakusumbua. Kwa Mutu huna shida hiyo: jina ni moja, na kumeandikwa vitabu vizima juu yake.

Lakini huko kwenye wingi ndiko Chuchu anakokolea, na hapa nitakaa kidogo.

Mwaka 2014 kikundi hicho kilitoa filamu ya hadithi tano fupi, nyeusi na nyeupe, iitwayo Stories of Our Lives, iliyotokana na simulizi walizokusanya kwa Wakenya wanaopenda watu wa jinsia yao. Chuchu ndiye aliyeiongoza. Ilionyeshwa mara ya kwanza Toronto, na ni huko ambako yeye na wenzake wawili walijitaja majina. Kabla ya hapo walikuwa wamejificha. Bodi ya kuainisha filamu ya Kenya ilikataa isionyeshwe nchini. Mwaka uliofuata ikapata tuzo ya majaji wa Teddy, zawadi za filamu zenye mada hiyo, kwenye tamasha la filamu la Berlin. Naitaja kwa sababu ya ushauri wa vitendo: kama unachagua kwa ajili ya darasa la sekondari Kenya, filamu hii huwezi kuionyesha. Kama ni insha ya chuo, kisa cha kukatazwa kwake chenyewe ni nusu ya mada yako. Nani ana ruhusa ya kuonekana kwenye skrini, na nani anaitoa?

Mwaka 2016 ukaja mfululizo wa mtandaoni Tuko Macho, naye akiwa mwongozaji. Mtu anawateka wahalifu na wakubwa waliozoea kuponyoka sheria, anawasimamisha mbele ya kamera, na umma unapiga kura mtandaoni: ana hatia au hana. Mutu anakuonyesha jinsi picha inavyokata watu vipande. Humu ni wewe mwenye simu unayeshika panga, huku ukijiona raia mwema. Kwa mada ya nguvu ya vyombo vya habari, sijaona kazi ya Afrika Mashariki iliyo karibu zaidi na maisha yetu ya kila siku. Kila wiki kuna mtu anahukumiwa kwenye kundi la WhatsApp kabla polisi hawajaamka.

Na mwaka 2022, kwenye maonyesho ya documenta ya 15 huko Kassel, Ujerumani, Nest walijenga kibanda kwa marobota ya mitumba, wakakiita Return to Sender, yaani mrudishie aliyetuma. Ndani kulikuwa na filamu, nje yalipangwa marobota. Wajerumani waliokuja bustanini siku ya jua walikuta nguo za aina walizokuwa wametoa sadaka zimewangoja. Utasema nguo si chombo cha habari. Nenda sokoni uhesabu fulana zenye majina ya timu, vyuo na mbio za hisani za miji ambayo mvaaji hataiona maisha yake yote, kisha tuzungumze.

Kikundi hicho pia kilishiriki kuhesabu vitu vya Kenya vilivyomo kwenye makumbusho ya nje. Orodha ilipita vitu 32,000. Hiyo ni kazi ya makarani kuliko ya wasanii, na huenda ndiyo itakayodumu kuliko zote.

Nguva

Sehemu hii napendelea, nakiri mapema. Mimi ni mtu wa Pwani, na msanii anayelichukua neno letu na kulipeleka London bila kulitafsiri amenishika. Maonyesho ya Mutu ya mwaka 2014 kwenye nyumba ya sanaa ya Victoria Miro yaliitwa Nguva na Nyoka, hivyohivyo kwa Kiswahili. Kabla yake alikuwa na video iitwayo Nguva, na baadaye akamtengeneza nguva wa shaba nyeusi.

Kwetu neno ni moja na viumbe ni wawili. Kuna nguva mnyama, anayekula majani ya baharini na ambaye sasa ni adimu kabisa kwenye maji yetu, na kuna nguva wa hadithi, nusu mwanamke nusu samaki, anayewapoteza mabaharia. Wachoraji wa mabango na watengenezaji wa katuni walikwisha kutuletea wa tatu: binti wa Kizungu mwenye nywele ndefu na mkia wa kijani, ambaye sasa watoto wa Mombasa humchora hata wakiambiwa wachore nguva wao. Nguva wa Mutu hana haja ya kupendeza. Ni mzito, ana asili ya mnyama, na hukai mbele yake ukiwa na amani. Kwa mtu anayetaka kueleza jinsi picha ya kigeni inavyolipindua neno la nyumbani, na jinsi ya kulirudisha, mfano huu unatosha peke yake.

Chuchu naye ana miungu yake. Mwaka 2014 alitoa mfululizo wa picha unaoitwa Pagans, akiwabuni miungu wa Kiafrika wasio na majina pamoja na waumini wao, na mwaka uliofuata video za Invocations, zilizoonyeshwa Marekani katika maonyesho ya vinyago. Ni nzuri, na uzuri wao ndio unaonitia shaka: zimepigwa msasa kiasi kwamba ungeweza kubandika chini yake jina la manukato na hakuna ambaye angeshtuka. Mwenzangu mmoja mpiga picha anasema hilo ndilo kusudi, kwamba dini iliyotukanwa miaka mia inastahili matangazo yenye hadhi ya manukato. Sijakubali, ila sijapata jibu.

Mutu naye asiponyoke. Tangu alipoanza kugawa maisha yake kati ya New York na Nairobi, kazi zake zimehamia kwenye udongo mwekundu, mizizi na shaba. Mwaka 2019 sanamu zake nne za wanawake walioketi ziliwekwa mbele ya makumbusho ya Metropolitan, New York, katika vishubaka vilivyokuwa tupu tangu jengo hilo la mbele likamilike mwaka 1902. Ni kazi kubwa, lakini kama mada yako ni vyombo vya habari hasa, itakubidi ujitahidi kuifikisha huko. Mimi ningebaki na Mutu wa kabla ya 2013, kisha niongeze video yake ya mwaka huo, The End of eating Everything. Humo mwimbaji Santigold ni kichwa cha kiumbe kikubwa kama sayari inayooza, kinachowameza ndege hewani. Ni katuni ya dakika chache, na ni kolaji iliyoanza kutembea.

Utawaona wapi

Hapa ndipo wengi wanapokosea kuchagua. Kolaji ya Mutu kwenye simu imekufa nusu. Huoni unene wa karatasi juu ya karatasi, hung'amui kwamba ile ngozi laini imejaa vidoa vya rangi iliyotuama, na lile tendo la kusogea, ambalo Pin-Up haina maana bila yake, linakuwa kuvuta skrini kwa vidole viwili. Kama huna namna ya kufika mbele ya kazi yenyewe, tafuta picha kubwa kabisa kwenye tovuti za makumbusho, uiangalie kwenye kompyuta, na uanzie mbali. Usianze na kipande kilichokuzwa, utakuwa umejiharibia.

Kazi za Chuchu nyingi zilizaliwa kwenye skrini. Video ya Makmende uliyoitazama kitandani kwa bando la usiku ndiyo ileile aliyoitazama kila mtu mwaka 2010. Hujapungukiwa na kitu. Kwa mwanafunzi asiye na nauli ya ndege hilo si jambo dogo. Kinachopungua kwake ni maandishi: uchambuzi wa kitaaluma juu ya Mutu umejaa maktabani, kwa Chuchu utatafuta mahojiano na kujenga hoja kwa mikono yako. Mvivu amchukue Mutu. Lakini mvivu huyo ajue pia kwamba amesimama kwenye foleni, na mwalimu ameshasoma insha thelathini zenye neno "kolaji" kwenye aya ya kwanza.

Basi uchague vipi

Kama kinachokukera ni jinsi mwili wako unavyotazamwa, kwenye matangazo ya mkorogo, kwenye mabango ya saluni, kwenye macho ya daktari asiyekuuliza jina, nenda kwa Mutu. Kama una darasa la watoto wa miaka 15 na rundo la magazeti ya zamani, nenda kwa Mutu vilevile: mkasi na gundi vinatosha, na somo litaeleweka kabla hujalieleza. Chagua tu kazi za kuonyesha, maana nyingine si za rika hilo.

Kama unajua kuhariri video, au unataka kuandika juu ya umbea wa mtandaoni, marufuku, vikundi vya wasanii na nani anayelipia, nenda kwa Chuchu. Vilevile kama umechoka kusoma habari za wasanii wa Kiafrika wanaojulikana kwanza ng'ambo. Makmende alijulikana kwanza Nairobi; ng'ambo walikuja baadaye kuuliza anacheka nini kila mtu.

Mimi ningemchukua Mutu kwa sababu ya zile hatua tatu mbele ya Pin-Up, na nilimwambia mpwa wangu hivyo. Akanyamaza kidogo, kisha akasema, "Sawa mjomba, lakini mama anauza mitumba." Mama yake ni dada yangu, na meza yake iko soko la Kongowea, Mombasa. Hapo sikuwa na la kuongeza.

Jana amenitumia picha ya robota lililofunguliwa nusu, nguo zimechomoza kama zinapumua, na chini yake swali: ule mkanda wa plastiki unaofungia robota unaitwaje? Nimemwambia amuulize mama yake.